Tofali ya Makumi Tatu na Moya

Butembo, 8/1/2023

Mudogo yangu Kyakimwa,

Jambo ya mwaka mupya. Niko muzima. Mugongo inaluma lakini ingali inabeba. Batoto yako banaendelea aje? Huku kazi ilikufa. Mvua ya mwezi ya kumi na mbili ilivunja matofali mabichi elfu mbili mbele tutie moto. Patron hakulipa mutu. Alisema: «Mulipishe mvua.»

Ninakuandikia juu simu niliuzisha zamani. Barua hii Ibrahim njo ataleta, ule chauffeur wa Beni mwenye gari ya nyanya. Unijibu kupitia yeye.

Neno ni hii. Unayua miye na Hulda tulikamata mukopo ku coopérative, 2000 dola, juu ya kulipa hii parcelle, kiwanja na nyumba yake. Kila mwezi 36. Nikishalipa, naweka tofali moya. Namba naichora na musumari wakati udongo ingali bichi, kisha nachoma. Njo hesabu yangu. Kama likirimba ya mama kule Luofu: bote banatoa, mumoya anapokea kwa zamu, kila mutu anahesabia mawe yake, siku moya inaisha.

Niko na matofali 48. 48 mara 36 ni 1728. Inabaki 272. Ni matofali munane. Mwezi ya munane nimemaliza.

Mais hii mwezi sina. Unisaidie 36. Nitakurudishia mwezi ya kenda, wakati sitakuwa tena na mutu wa kulipa.

Kaburi ya Hulda iko muzuri. Nilikata majani ku Noeli.

Kaka yako
Josaphat


Beni, Bungulu, 29/1/2023

Yaya Josaphat,

Amani ya Bwana ikukute umekaa, siyo umelala. Sisi tuko. Jokébed, kile kitoto changu cha mwisho, ametoka meno mbili ya mbele. Anaponicheka ni mama mwenyewe, mpaka nageuza uso. Nachagula kakao ya batu ku dépôt, mia mbili mia mbili ya franga, jioni mikono inanuka kama pombe. Shamba yetu wenyewe hatuende tena. Unayua, juu ya bale ba bunduki mu pori.

Nimekutumia dola 15. Hapana kasirika, njo yenye iko.

Yaya, ile hesabu yako imenikatalia usingizi. Sisi mu kikundi yetu, mutu akikopa kumi anarudisha kumi na kitu juu. Na sisi ni bamama maskini, tunapikiana sombe. Sasa coopérative, yenye iko na sentinelle na kioo, ikukopeshe miaka yote ile bila kitu juu? Kuna karatasi moya balikupatia, yenye iko na mistari mingi kama shamba ya vitunguu? Itume. Hata kama imeliwa na panya, tuma yenye ilibaki.

Na ingine. Mwezi ya saba mulamu yangu Hulda anafika miaka mbili tangia alikufa. Ku matanga nilifika mumeisha kuzika. Mpaka leo hauyaniambia alifia wapi. Ku hôpital ao ku nyumba? Mutu anapashwa kuyua mahali mutu wake alifia.

Mudogo yako
Kyakimwa


Butembo, 20/2/2023

Kyakimwa,

Wasingya, aksanti juu ya 15. Nimeiweka. Bureau ya coopérative hawapokee nusu. Jokébed unisalimie. Mugongo iko vilevile.

Nilienda ku bureau. Nikatosha kofia. Nikaambia ule mama wa guichet: nimebakiza munane, mwaka hii tunaachana. Akafungua ordinateur. Akasema: «Papa, hapa inabaki 1583.»

Nikasema: soma muzuri.

Akasoma. 1583.

Nikasema nilikopa 2000, nimelipa 1728, hata mutoto wa primaire anaweza kutosha hii. Akasema: «Papa, nyingi ulilipa ni intérêt, faida ya coopérative.» Nikasema miye nililipa nyumba. Batu ba mustari bakacheka. Moya akasema: «Muzee anataka rabais, bamupunguzie.» Sentinelle akanishika mukono polepole, kama vile banashika mugonjwa, akanitosha inje. Nikavaa kofia. Nikarudi na muguu.

Nilirudi siku ya tatu. Chef wa bureau akanipokea. Akasema: «Ni miaka kumi, papa. Uliweka kidole.» Ni kweli. Niliweka, na Hulda aliweka. Miaka kumi tulisikia. Tulizani ni nafasi banatupatia, kama patron anasema maliza hata kesho kutwa. Tukasema sisi tutafanya mbio.

Karatasi ni hii. Ilikuwa chini ya godoro. Mistari 120. Namba nayua kusoma. Mais sisikie yenye zinasema.

Nimekosa miezi mbili. Ya kwanza, na hii.

Hulda alikufa na homa. Acha.

Josaphat


Beni, Bungulu, 2/4/2023

Yaya yangu,

Pole juu ya kuchelewa. Barua yako ilikaa wiki tatu mu gari. Njia ilifungwa, Ibrahim akalala ku barrière mpaka nyanya zake zikaanza kutembea zenyewe. Anakusalimia. Anasema nyanya haina deni na mutu, yeye njo iko nalo.

Huku tuko. Usiku mbili tulikimbilia ku kanisa na magodoro, kisha tukarudi. Batoto banaona ni mchezo.

Nilibeba karatasi yako kwa Hadjara. Jirani yangu, muuza vitenge, unamukumbuka, ule mwenye kucheka mpaka ukuta inasikia. Akakunjua karatasi juu ya vitenge yake, akavaa miwani ya marehemu bwana yake. Akasema: «Kyakimwa, dini yetu inakataza riba. Miye nilikataa kusikia, nikakula nayo. Njo maana nayua meno yake.»

Nikuelezee vile alinielezea. Soma polepole.

Ile 2000 uliikamata ni kama mama mwenye mimba. Kila mwezi anazaa. 2000 anazaa 30. Mwezi ya kwanza uliwaletea 36. 30 ilienda kulipa mutoto mwenye alizaliwa ile mwezi. 6 tu njo ilimugusa mama. Mwezi ya pili mama iko 1994. Anazaa tena 30, inakosa centimes kiloko. Unaleta 36, inamugusa 6. Mwezi ya tatu vilevile. Mwaka yote ya kwanza, dola 432 ya jasho yako, mama alipungua 78.

Njo maana tofali yako ya kwanza na ya 48 haiko na uzito moya, hata kama ulizichoma mu moto moya. Likirimba yetu, jiwe ni jiwe. Hapa hapana. Ya mbele ni majivu, ya nyuma njo tofali. Ku miaka ya mwisho njo unaanza kulipa nyumba kweli.

Hadjara akaweka kidole chini kabisa ya karatasi. Ukilipa yote 120, inafanya 4320. Yaya. Ni nyumba mbili. Moya unalala ndani yake, ingine unajengea coopérative.

Nikamuuliza: «Donc balimwiba kaka yangu?»

Akatosha miwani. Akasema: «Hapana. Yote imeandikwa hapa. Njo ubaya yake.»

Nikalia pale mu vitenge. Akasema: «Usinilowanishie wax, iko ya batu. Sikia. Kila dola yenye anamupiga nayo mama leo, ile haizae tena mpaka mwisho. Iko na nini ya kuuzisha?» Nikasema parcelle tu. Akasema: «Basi auzishe nusu mbele bale bauzishe yote.»

Fikiri. Usinijibu na hasira.

Hauyaniambia alifia wapi.

Kyakimwa


Butembo, 30/4/2023

Kyakimwa,

Nimesikia. Hadjara anaelezea muzuri kuliko chef. Yule chef na cravate yake hakuniambia hata neno ya mama.

Siuzishe.

Hulda iko hapa. Unayua njia ya Luofu ilikuwa mubaya, tukamuzika nyuma ya jiko. Matofali yenye nilikuwa naweka pa mulango nilitosha wakati alikufa, nikazungusha ku kaburi. Kila mwezi nikilipa naongeza. Mviringo ilikuwa karibu kufunga. Nilisema siku itafunga nitaketi pale, nitamuambia: Hulda, imeisha. Sasa nimufanyie mviringo ya 120? Itafika ku njia kubwa.

Bureau imeleta barua. Miezi ine sijalipa. Kama tarehe 30 ya mwezi ya sita ingali vile, batatangaza parcelle iuzishwe. Mutu alikuya kupima na mita. Alikanyaga kaburi na kiatu. Sikumupiga. Nilikuwa na mwiko mu mukono. Nikaitupa mbali.

Nakula mara moya. Nabeba mchanga ku mutu sasa, juu matofali haina kazi. Batoto ba jirani bananiita Papa Makumi-Ine-na-Munane. Hata miye nilicheka ya kwanza.

Kuna usiku nafikiri kufunga mulango na kwenda tu. Nashindwa kuyua wapi.

Umuulize Hadjara kitu moya. Mustari 31. Ile 36 ya mustari 31, ngapi iliingia ku nyumba, ngapi ilienda. Ile tu. Hapana kuuliza juu ya nini.

Josaphat


Beni, Bungulu, 21/5/2023

Yaya,

Sisi bazima. Sina habari ingine ya kutia mbele, nitasema moya kwa moya.

Mustari 31: intérêt 26 na centimes 60. Ku nyumba 9 na centimes 40. Hadjara alirudilia mara mbili. Donc karibu 27 ilienda, 9 iliingia.

Hauyaniambia juu ya nini, na sikuuliza. Nilihesabia na vidole. Mustari ya kwanza ni mwezi ya kwanza 2019. Ya 31 inaangukia mwezi ya saba 2021. Siku ya kulipa ku bureau yenu ni tarehe 10. Mulamu yangu alikufa tarehe 14.

Yaya. Sasa sikuulizi tena alifia wapi.

Na miye iko neno. Miaka mbili ninaimeza na chakula.

Ile mwezi ulinitumia barua. «Hulda iko na homa ya kupanda, hôpital banaomba caution 70 mbele bamupokee, niko na 36 ya bureau, uko na nini?» Nilikuambia ku matanga, mbele ya batu, ya kama ile barua ilinikuta nyuma. Uliniamini. Ulinishika mabega.

Barua ilifika tarehe 6. Ibrahim alinipatia mu mukono. Na likirimba ilikuwa imefika kwangu wiki ileile, dola 120, nilikuwa nimeifunga mu kitambaa kiunoni. Nikasoma barua yako nikiwa nimesimama. Nikasema: homa ni homa, itashuka. Nikasema: Yaya iko na 36, ataanza na ile. Nikanunua mabati ya nyumba yangu. Tangia ile siku mvua ikinyesha siisikie kama mvua.

Sikuombi kitu. Usinijibu kama hautaki.

Ibrahim anakuletea 110. Ni miezi tatu na kiloko. Lipa, basogeze ile tarehe. Hapana kuuliza ilitoka wapi.

Kyakimwa


Butembo, 9/7/2023

Kyakimwa,

Nimechelewa. Hapana juu ya njia. Ni miye. Barua yako niliisoma, nikaikunja, nikaitia mu ukuta. Nikaisoma tena nyuma ya wiki tatu.

Nitasema mara moya.

36 ilikuwa mu kopo. Barua yako ilikuwa haifike. Tarehe 10 Hulda alikuwa amelala ku mukeka, macho mekundu. Nikasema niende na hii 36 ku hôpital, nipige magoti juu ya yenye kukosa. Yeye akasema: «Lipa tofali. Homa itapita, nyumba haitapita.» Yeye njo alisema. Mais miye njo nilitembea. Hôpital iko ku njia ya bureau. Nilipita mbele yake na 36 mu mufuko. Nikarudi na reçu. Akaiomba, akaitia chini ya kichwa. Alifurahi. Alikufa nyuma ya siku ine, pale pa mukeka. Ku nyumba. Sasa unayua.

Miaka mbili nilijiambia: amekufa, mais alilipa mwezi yake. 36 nzima iko mu ukuta. Nilikuwa nalala juu ya ile neno.

9, Kyakimwa. 9 tu.

Juu yako. Siseme sina hasira. Ninayo. Ilikuya wiki moya, ikakuta ingine yenye niko nayo juu yangu mwenyewe, zikapigana. Nimechoka kuziangalia.

110 ilifika. Nililipa miezi tatu, bakasogeza tarehe mpaka mwezi hii. Nikauliza Ibrahim nyumba yako iko aje. Akasema: «Mama Jokébed ametia bâche ku paa, turubai. Anasema mabati inafanya joto.» Beni iko na joto tangia tulizaliwa. Nikayua ilitoka wapi.

Basi nikauzisha. Hapana kaburi. Nyumba. Ilinunuliwa na Mashaka, ule mwenye gari mbili za mafuta. Alikuya na mita, akauliza: «Na ile pale?» Nikasema ile ni bibi yangu, inabaki upande yangu na jiko. Akatosha kofia. Akasema: «Basi tutie ukuta katikati, batoto yangu basicheze pale.» Akatafuta mutu wa kujenga. Nikasema miye. Siku sita nilijenga ukuta ya kunitosha mu nyumba yangu. Alilipa muzuri, hakupunguza.

Nyumba ilitoka 1200. Miezi tatu yenye ilibaki nyuma, 108. Amende ya kuchelewa, 24. Mbuzi ya bashahidi na karatasi ya chef wa quartier, 58. 110 yako iko mu bahasha hii. Ni ya mabati. Hapana kuinunulia kitu ingine.

900 nilimupiga nayo mama. Ule wa guichet akaniuliza: «Yote, papa?» Nikasema: yote, ku capital, andika ile neno. Nikangojea aandike. Sikutoka mpaka muhuri ya kachet ikauka.

Inabaki 606. Nikarudi kwa chef na cravate, nikamuomba aniandikie na kalamu mwezi yenye kuya inagawanyika aje. Akaandika. Intérêt 9. Ku nyumba 27. Nikakumbuka yenye uliniandikia ya mustari 31. Ni namba zilezile za Hulda. Zimegeuka. Akaniuliza kama niko muzima. Nikasema niko.

Matofali makumi mbili, imeisha. Kama mugongo inabeba.

Nalala mu jiko. Moshi imeisha kuniyua. Asubui nasikia batoto ba Mashaka bakifungua madirisha yenye Hulda alipaka rangi. Natoka mbio niende ku kazi.

Tofali 31 niliitosha ku kaburi. Siwezi kuiacha pale, siwezi kuitupa. Mu mviringo kuna shimo. Iko hapa mu jiko, nimeikalia wakati naandika.

Ijumaa hii ni tarehe 14. Padri atasoma misa saa kumi na mbili ya asubui, kisha tutasimama pa kaburi. Kuya na Jokébed. Hapana kuleta kitu.

Nimemuomba Ibrahim aandike ku bahasha, na mukono yake, siku yenye atakupatia barua hii. Hii haitakukuta nyuma.

Kaka yako
Josaphat